Guinea ya Ikweta: uhuru uliopitia Gibraltar

Swali: "Shikamoo mwalimu. Nasoma kidato cha tano, HGL (Historia, Jiografia na Kiingereza). Januari 2024 nilitazama na kaka zangu Guinea ya Ikweta ikiifunga Ivory Coast mabao 4-0 kwenye AFCON, tena nyumbani kwa Ivory Coast, na mtangazaji akasema wachezaji wale wanaongea Kihispania. Kwenye mada ya kugawanywa kwa Afrika tunasoma habari za Waingereza, Wafaransa, Wajerumani, Wareno na Wabelgiji. Hispania inapewa mstari mmoja. Iliingiaje huko? Ni kweli kwamba nchi ile ilipewa uhuru bure, watu wake hawakuudai? Na kama uhuru ulikuja kwa amani, mbona mambo yaliharibika upesi hivyo?"

Marahaba, mwanangu. Nianze na swali lako la katikati, maana ndilo linaloniuma zaidi. Hapana, hawakupewa bure. Waliudai, na wako waliouawa kwa kuudai. Ila aliyekwambia hivyo ana sehemu ya ukweli: siku ya uhuru na mwendo wa mambo vilipangwa kwa hesabu za Madrid, na hesabu zenyewe zilikuwa za jabali la Gibraltar, kule kwenye mlango wa Bahari ya Mediterania, mbali kabisa na kakao na misitu ya Guinea. Shika haya mawili kwa pamoja. Wengi hushika moja, ndiyo maana hadithi inawaponyoka.

Kwanza ujue nchi yenyewe ni vipande. Eneo lake lote ni kilomita za mraba 28,000 na ushei, karibu sawa na mkoa wa Tanga. Kipande kikubwa ni Río Muni, bara, kati ya Cameroon na Gabon. Kisiwa cha Bioko, ambacho zamani kiliitwa Fernando Poo, kiko kaskazini zaidi, ukingoni mwa Cameroon. Annobón, kisiwa kidogo mno, kiko peke yake kusini, kupita São Tomé. Nchi inaitwa ya Ikweta lakini mstari wa ikweta haugusi ardhi yake popote: Annobón iko chini ya mstari, kwingine kote ni juu yake.

Watu wake wengi ni ndugu zetu wa lugha. Wafang wa bara, Wandowe wa pwani na Wabubi wa Bioko wote wanazungumza lugha za Kibantu. Mfang akitaka kusema mtu anasema "mot", na watu ni "bot". Ukizirudisha nyuma hatua chache unakuta mtu na watu wetu. Kihispania kilikuja juu ya lugha hizi kikawa lugha ya shule, ofisi na kanisa, na mpaka leo hii ndiyo nchi pekee huru kusini mwa Sahara ambayo Kihispania ni lugha rasmi.

Sasa Hispania iliingiaje? Kwa karatasi. Wareno ndio waliofika kwanza, miaka ya 1470, na jina Fernando Poo ni la baharia wao. Wakavishika visiwa kwa karne tatu. Mwaka 1777 na 1778 Ureno na Hispania zilisaini mikataba miwili ya kumaliza ugomvi wa mipaka Amerika ya Kusini, na ndani yake Ureno ikaiachia Hispania Fernando Poo, Annobón na haki ya kufanya biashara kwenye pwani ya bara. Hispania ilivitakia nini? Watumwa. Makoloni yake ya Amerika yalikuwa yakinunua Waafrika kupitia mikono ya mataifa mengine, nayo ilitaka chanzo chake yenyewe. Wabubi, Wafang na watu wa Annobón hawakuulizwa. Waliuzwa wakiwa nyumbani kwao, wakilima.

Mwaka huohuo wa 1778 msafara ukatumwa kutoka Montevideo, chini ya mtawala aliyeitwa Conde de Argelejo. Watu wa Annobón waliukataa, mkuu wa msafara akafa kabla mwaka haujaisha, homa ikawafyeka waliobaki, na askari wakaasi wakaondoka. Kwa zaidi ya miaka 60 Hispania ikabaki mwenye mali kwa jina tu.

Hapa naomba nikupeleke Mombasa kidogo. Ukishuka Mji wa Kale kuelekea bandari ya zamani utakuta jengo la Leven House na ngazi za Leven. Jina hilo ni la meli ya Kiingereza iliyoongozwa na Kapteni William Fitzwilliam Owen. Februari 1824 Owen alikubali ombi la akina Mazrui, waliokuwa wakimhofia Sayyid Said wa Oman, akaiweka Mombasa chini ya ulinzi wa Uingereza bila kusubiri ruhusa ya London. Akamwacha luteni wake kijana, Reitz, awe mtawala. Reitz akafa kwa homa mwaka uleule, na jina lake ndilo lile la Port Reitz. London haikuupenda mpango wa Owen, na 1826 bendera ikashushwa. Mwaka uliofuata, 1827, Owen huyuhuyu alipelekwa Fernando Poo kujenga kituo cha kukamata meli za watumwa. Akaanzisha mji akauita Clarence. Leo mji huo unaitwa Malabo.

Kwa hiyo ardhi ilikuwa ya Hispania kwa karatasi, na mji ulikuwa wa Waingereza kwa vitendo. Watumwa waliookolewa baharini walishushwa pale, wakaungana na watu waliotoka Sierra Leone, na kizazi chao kikaitwa Wafernandino: Waprotestanti, wafanyabiashara, wasemaji wa pijini ya Kiingereza ambayo Malabo inasikika hadi sasa kwa jina la Pichi. Uingereza ilijaribu kukinunua kisiwa kwa pauni 60,000, na 1841 mpango ukafa kwa sababu Hispania nzima ilipiga kelele. Mwaka 1843 Wahispania wakaja kupandisha bendera yao, wakaubatiza mji Santa Isabel, halafu, kwa kukosa watu wa kubaki, wakamwacha Mwingereza, John Beecroft, awe gavana wao. Alitawala kwa niaba yao mpaka alipokufa mwaka 1854.

Kitabu chenu kinaipa Hispania mstari mmoja kwa sababu wakati wa mkutano wa Berlin ilikuwa dola iliyochoka. Mwaka 1898 ilipigwa na Marekani ikapoteza Cuba, Puerto Rico na Ufilipino kwa mkupuo. Miaka miwili baadaye, Juni 1900, ilikaa Paris na Ufaransa kugawana bara la Ghuba ya Guinea. Ilikuwa ikidai kilomita za mraba kama 300,000. Ikaondoka na 26,000. Hiyo ndiyo Río Muni, pembe nne iliyochorwa kwa rula, Wafang wengine wakabaki Gabon na wengine Cameroon. Maeneo mengine ya Hispania Afrika, yaani Sahara Magharibi, Ifni na ukanda wa kaskazini mwa Morocco, yana hadithi yake. Siku nyingine ukipenda.

Kilichoipa koloni thamani ni kakao. Udongo wa Bioko ni wa volkano, mvua haikosi, na Wafernandino ndio waliotangulia kulima kwa faida kabla kampuni za Kihispania hazijawapita. Shida ilikuwa mikono ya kazi. Wabubi hawakutaka kwenda kuwa vibarua wa mtu kwenye ardhi ambayo ilikuwa yao. Walipolazimishwa, mwaka 1910 baadhi yao waliinua silaha, wakazimwa. Magonjwa yaliyokuja na wageni yalikuwa tayari yamewapunguza sana. Ikabidi watu watafutwe ng'ambo. Walichukuliwa kutoka Liberia kwa njia chafu kiasi kwamba Shirikisho la Mataifa lilituma tume ya uchunguzi, na mwaka 1930 Rais Charles King wa Liberia akajiuzulu kwa aibu ya taarifa yake. Kisha wakageukia Nigeria. Kuanzia mkataba wa 1942 kati ya Hispania na Waingereza, makumi ya maelfu ya Wanigeria walivushwa kwenda kukata kakao kwa mikataba. Sisi wa Tanga tunawajua watu wa namna hiyo; babu zetu kwenye mkonge waliitwa manamba. Kufikia miaka ya 1960 Wanigeria Bioko walikuwa wengi kuliko wenyeji. Kumbuka jambo hili, nitalirudia.

Na mwenyeji mwenyewe alikuwa nani mbele ya sheria? Mtoto. Nasema hivi bila kutia chumvi. Mwaka 1904 serikali ya kikoloni iliunda chombo kilichoitwa Patronato de Indígenas, yaani ulezi wa wenyeji. Mwafrika mtu mzima, mwenye mke, watoto na shamba lake, alihesabiwa kama mtoto aliye chini ya mlezi. Hakuruhusiwa kumiliki zaidi ya hekta 4 za ardhi. Hakuwa huru kuuza mali yake au kukopa kama apendavyo bila mlezi kuidhinisha. Pombe ya dukani aliyokunywa Mhispania haikuwa halali kwake. Ili atoke huko ilimbidi apate hati ya kuwa "emancipado", neno ambalo sheria ya Hispania ilikuwa ikilitumia kwa kijana aliyetolewa chini ya mamlaka ya baba yake. Alipaswa kuonyesha elimu, kazi inayokubalika na mwenendo ambao padri na mkuu wa wilaya wangeuridhia. Waliopata hati kamili walikuwa wachache mno. Nawaza mara nyingi juu ya mwalimu wa shule ya misheni aliyebeba hati ile mfukoni, anafundisha watoto asubuhi, na jioni inamlazimu aitoe karatasi kuthibitisha kwamba yeye si mtoto.

Ndiyo maana ukiambiwa hawakudai uhuru, usikubali. Miaka ya 1950 vikundi vya siri vilikuwa vimeshaanza, vya walimu, makatekista, wakulima wenye mashamba madogo ya kahawa na kakao, vikipitia Cameroon na Gabon ambako ndugu zao Wafang walikuwa tayari kwenye siasa. Acacio Mañé Ela, mkulima na katekista wa Río Muni, alikuwa kati ya waanzilishi. Alikamatwa mwishoni mwa 1958 akapotea mikononi mwa askari wa kikoloni; watu wake wanaamini alitupwa baharini karibu na Bata, mji wa pwani ya Río Muni. Mwaka mmoja baadaye Enrique Nvo, aliyekuwa akiandaa kupeleka malalamiko Umoja wa Mataifa, aliuawa upande wa Cameroon. Wengine walikimbilia uhamishoni, ndipo vikazaliwa vyama kama MONALIGE na IPGE. Ukiulizwa kwenye mtihani kuhusu harakati za nchi hii, weka majina ya Mañé na Nvo. Yanasahaulika kirahisi kwa kuwa hayana vita kubwa nyuma yake.

Sasa Madrid. Hispania ya dikteta Jenerali Franco iliingia Umoja wa Mataifa Desemba 1955, na mara moja ikaulizwa: makoloni yenu mtayafanyaje? Ikajaribu njia ambayo Ureno nayo iliitumia, ya kubadili jina. Mwaka 1959 ikatangaza kwamba Fernando Poo na Río Muni si makoloni tena bali ni mikoa ya Hispania, na wenyeji wote ni raia. Mambo ya Patronato yakaisha kwa sheria hiyo. Hakuna aliyedanganyika New York. Desemba 1963 ikaandaa kura ya maoni juu ya utawala wa ndani. Ikapita, ingawa kisiwani walioikataa walikuwa wengi kuliko walioikubali. Mwaka 1964 ikaundwa serikali ya ndani chini ya Bonifacio Ondó Edu, na hapo ndipo jina Guinea ya Ikweta likaanza kutumika rasmi.

Ndani ya serikali ya Franco kulikuwa na mvutano mkubwa. Waziri wa mambo ya nje, Fernando María Castiella, alitaka kuachia. Luis Carrero Blanco, mtu wa karibu kabisa na Franco, aliyekuwa na mamlaka juu ya makoloni, hakutaka, na nyuma yake walikuwepo wenye mashamba ya kakao na kampuni za magogo. Castiella hakuwa na huruma maalumu kwa Waafrika. Alikuwa na lake, na lake lilikuwa Gibraltar, jabali ambalo Uingereza inalishika tangu 1704 na Hispania inalililia. Hoja yake Umoja wa Mataifa ilikuwa kwamba Gibraltar ni koloni na makoloni lazima yaishe. Utasimamaje mbele ya mataifa ya Afrika na Asia kuomba kura kwa hoja hiyo ilhali wewe mwenyewe una koloni Afrika?

Kamati ya Umoja wa Mataifa ya kuondoa ukoloni, ile iliyoitwa Kamati ya 24, ilituma ujumbe wake Guinea mwaka 1966, na wenyeji wakajitokeza kusema wanachotaka. Tanzania ilikuwa mwanachama wa kamati hiyo, na mwaka 1967 mwenyekiti wake alikuwa John Malecela wetu. Halafu tazama tarehe 19 Desemba 1967. Siku hiyo Baraza Kuu lilipitisha maazimio matatu yaliyofuatana kwa namba. Azimio 2353 liliipa nguvu Hispania juu ya Gibraltar, likiwataka Waingereza wazungumze nayo, ingawa miezi mitatu nyuma watu wa Gibraltar walikuwa wamepiga kura 12,138 kubaki na Uingereza dhidi ya 44. Azimio 2354 lilihusu Ifni na Sahara. Azimio 2355 liliitaka Hispania iipe Guinea ya Ikweta uhuru kabla Julai 1968 haijapita, ikiwa nchi moja, isigawanywe. Siku moja, ukumbi mmoja, wapiga kura walewale. Mimi siwezi kuyasoma maazimio hayo kila moja peke yake, na nadhani asomaye hivyo hataielewa 1968.

Baada ya hapo ni mbio. Mkutano wa katiba ulikuwa umefunguliwa Madrid Oktoba 1967, ukaahirishwa, ukarudi Aprili 1968, ukafungwa Juni. Wajumbe wa Wabubi walisema wazi: sisi ni wachache, Wafang wa bara watatumeza, tupeni uhuru wetu peke yetu au tuacheni na Hispania. Wakaambiwa Umoja wa Mataifa unataka nchi moja. Katiba ikapigiwa kura tarehe 11 Agosti na kupita kwa asilimia 63 hivi. Kisiwani ilipita kwa tofauti ya kura mia chache tu. Wiki sita baadaye, uchaguzi wa rais. Kutoka kumaliza kuandika katiba mpaka kupandisha bendera haikutimia hata miezi minne.

Wagombea walikuwa wanne. Madrid ilidhani Ondó Edu atashinda. Akaongoza Francisco Macías Nguema, mtu wa Mongomo huko mashariki ya bara, aliyewahi kuwa karani na mkalimani wa utawala wa kikoloni, kisha meya wa Mongomo, kisha naibu wa Ondó Edu mwenyewe. Aliongea lugha ambayo wagombea wenzake wastaarabu hawakuithubutu: kwamba Wahispania wametunyonya na siku yao imefika. Kwenye duru ya pili ya tarehe 29 Septemba, Atanasio Ndongo na Mbubi Edmundo Bosio waliokuwa wameshindwa wakamuunga mkono, akapata kura zaidi ya 68,000 dhidi ya 41,000 za Ondó Edu. Ulikuwa uchaguzi wa kweli, na nadhani hilo linauma kuliko yote, kwa kuwa hadi leo Guinea ya Ikweta haijauona mwingine ambao mshindi wake hakujulikana mapema.

Tarehe 12 Oktoba 1968, Santa Isabel, waziri Manuel Fraga Iribarne akatia saini kwa niaba ya Hispania, Macías kwa niaba ya nchi mpya. Tarehe hiyo haikuchaguliwa kwa bahati. Ni siku ambayo Hispania huadhimisha Columbus kufika Amerika, sikukuu yao kubwa ya taifa. Mpaka leo nchi hizi mbili zinasherehekea siku moja, mmoja kwa kutawala, mwingine kwa kuacha kutawaliwa.

Sasa swali lako la mwisho. Macías alirithi nini? Nchi ya watu wasiofika laki tatu, ambayo mwaka ule ilivuna kakao kama tani 38,000, nzuri sana, lakini iliyouzwa kwa bei ya upendeleo kwenye soko la Hispania peke yake, kwenye mashamba ya Wahispania, kwa mikono ya Wanigeria. Benki zilikuwa za Kihispania, fedha ilikuwa peseta. Maofisa waandamizi, madaktari, mafundi wa umeme, wengi mno walikuwa Wahispania. Askari wa Guardia Civil, polisi wa Kihispania wenye silaha, walikuwa bado nchini. Hazina haikuwa na kitu, na rais alipoomba fedha Madrid ilichelewa kujibu.

Februari 1969 Macías alikuwa Bata. Akatazama akaona bendera za Hispania zinapepea kwenye majengo ya ubalozi mdogo, na mojawapo juu ya nyumba ya konseli. Akaamuru hiyo ishushwe. Balozi akakataa. Askari wa Guinea wakaishusha kwa nguvu, na Guardia Civil wakatoka kambini mwao na kushika sehemu nyeti za mji. Kwa Wahispania lilikuwa jambo la heshima ya kidiplomasia. Kwa mtu aliyekulia chini ya Patronato, kuona bendera ile ikipepea na askari wale wakizunguka mitaani miezi minne baada ya uhuru lilikuwa jambo jingine kabisa. Macías akapanda redioni na majukwaani, vijana wake wakaanza kuwashambulia Wahispania, na watu wakakimbilia meli na ndege. Usiku wa kuamkia tarehe 5 Machi, Ndongo, ambaye sasa alikuwa waziri wa mambo ya nje, alijaribu kumpindua hapohapo Bata, au ndivyo ilivyotangazwa. Akaanguka au akaangushwa kutoka dirishani, akafa kwa majeraha yake. Ondó Edu naye alikufa gerezani. Bosio akafuata miaka michache baadaye. Wagombea wanne wa 1968, akabaki mmoja.

Kufikia Aprili maelfu ya Wahispania walikuwa wameondoka, na ndani ya sanduku zao waliondoka na funguo za nchi: mishahara, hospitali, meli za kakao.

Kilichofuata sitakieleza chote. Chama kimoja mwaka 1970, rais wa maisha 1972. Neno "msomi" lenyewe likapigwa marufuku, na wasomi wakauawa au wakakimbia. Mitumbwi ikaharibiwa ili watu wasitoroke kwa bahari, na pwani yote ikakosa samaki. Mwaka 1976 Nigeria ikawaondoa watu wake baada ya mateso na mauaji, na kwa kuwa nilikuomba ukumbuke kakao ilikatwa na nani, sasa unajua kilichotokea mashambani: Macías akawasomba watu wa bara kwa nguvu kwenda kisiwani kufanya kazi. Mwaka 1978 akalipiga marufuku Kanisa Katoliki. Inakadiriwa kwamba kiasi cha theluthi moja ya watu wa nchi ile walikufa au walikimbia. Na Hispania? Januari 1971 serikali ya Franco ilizitangaza habari zote za Guinea kuwa siri ya dola, na magazeti ya Madrid yakanyamaza kwa zaidi ya miaka mitano, wakati watu waliokuwa raia wa Hispania juzijuzi wakifa kwa makundi.

Nimesoma waandishi wengi wanaofunga mjadala kwa kusema Macías alikuwa mwendawazimu. Sikubaliani nao. Sina la kumtetea. Damu ile ni yake, na wapo Waguinea wenzake waliomsaidia kuimwaga. Lakini mtu mmoja mwenye kichaa hawezi kuangamiza nchi ambayo ina mahakama, bunge lenye watu waliozoea kubishana, wakulima wenye nguvu na wanajeshi wenye nidhamu ya taifa. Ukoloni wa Kihispania uliwaita watu watoto kwa miaka 55, ukawapa bunge la mfano kwa miaka minne, ukaandika katiba ndani ya miezi michache kwa haraka ya Gibraltar, kisha ukafunga mlango na kuzima taa. Gibraltar yenyewe haikupatikana. Franco akakasirika akafunga mpaka nayo mwaka 1969, na bado ni ya Uingereza.

Tarehe 3 Agosti 1979 Macías alipinduliwa na mpwa wake, Teodoro Obiang Nguema. Kesi ilifanyikia Malabo, ndani ya ukumbi wa sinema, na tarehe 29 Septemba Macías akapigwa risasi na kikosi cha wanajeshi wa Morocco. Obiang ndiye rais mpaka sasa. Mafuta yalipoanza kutoka baharini miaka ya 1990 nchi ikapata fedha ambazo kakao isingezileta, na mkulima wa kawaida wa Río Muni hajaziona nyingi. Katika kutafuta marafiki Kifaransa kikafanywa lugha rasmi ya pili, Kireno ya tatu. Hata hivyo mtoto wa Malabo akitaka kumtania mwenzake hutania kwa Pichi ya wale waliookolewa baharini, na akiandika mtihani huandika kwa Kihispania.

Ukitaka kuona jinsi karatasi za zamani zinavyoendelea kuitawala nchi ile, tafuta hukumu ya Mahakama ya Kimataifa ya Haki, The Hague, ya tarehe 19 Mei 2025. Gabon na Guinea ya Ikweta zilikuwa zikigombea visiwa vitatu vidogo, Mbanié, Cocotiers na Conga, ambavyo kimoja kinaweza kuzungukwa kwa miguu kabla chai haijapoa, lakini bahari yake inadhaniwa kuwa na mafuta. Gabon, ambayo iliikalia Mbanié tangu 1972, ilileta nakala ya makubaliano yaliyodaiwa kusainiwa na Macías huko Bata mwaka 1974. Mahakama ikayakataa. Ikafungua mkataba wa Paris wa 1900, kisha ikauliza ni haki ipi Hispania ilikuwa nayo juu ya visiwa vile tarehe 12 Oktoba 1968, siku Macías na Fraga walipotia saini, na kwa haki hiyo ikaipa Guinea ya Ikweta visiwa hivyo.